Maana za Kuokota Katika Majina ya Watoto

Imekuwa jambo la kawaida siku hizi, mijini na hata vijijini kunakofika intaneti, kwa wazazi wanaotarajia mtoto kutafuta jina kwa kupekua orodha ndefu zilizopangwa kwa alfabeti, ambamo kila jina huandamana na lugha linakodaiwa kutoka na maana yake kwa neno moja au mawili: "zawadi", "shujaa", "malkia", "nuru". Maana hizo husambazwa katika vikundi vya familia kwenye simu, huandikwa juu ya keki siku ya arobaini, hutangazwa na mshereheshaji baada ya ubatizo, na miaka ikipita huwa sehemu ya yale ambayo mtoto mwenyewe anaambiwa kuhusu nafsi yake. Ni nadra, katika hatua yoyote ya safari hiyo, kusikika swali la nani aliyeiandika maana ile, aliipata wapi, na kama anaijua hata kidogo lugha anayoitaja.

Maana ya jina ni dai kama dai lingine lolote, na kwa hiyo inastahili kuthibitishwa kabla haijakabidhiwa mtoto atakayeishi nayo. Kwa mzungumzaji wa Kiswahili na wa lugha zinazokizunguka, uthibitisho huo haugharimu sana, kwa kuwa umo ndani ya kamusi, katika vinywa vya wazee wa ukoo na kwa majirani wanaozungumza lugha inayohusika. Waswahili husema kuuliza si ujinga, na katika suala la majina kutouliza kumekwisha kujaza vyeti vya kuzaliwa maana ambazo hakuna lugha inayozitambua.

Neno, sababu na wajina

Wanaisimu wanaochunguza majina, taaluma inayoitwa onomastiki, hutenganisha mambo ambayo katika mazungumzo ya kila siku yote huitwa "maana". Kuna asili ya neno, yaani lugha lilikotoka na kitu ambacho neno hilo lilikitaja kabla halijawa jina la mtu. Kuna sababu ya kupewa, yaani tukio, wakati au hali iliyoifanya familia ichague jina hilo na kuacha mengine. Na kuna wajina, yaani mtu aliyelibeba jina hilo zamani na ambaye mtoto anamrithi. Orodha ya alfabeti inaweza kubahatisha asili ya neno, lakini sababu na wajina haina namna ya kuvijua, na katika jamii nyingi za Afrika Mashariki hivyo viwili ndivyo vyenye uzito.

Orodha husema kwamba Juma ni mtoto aliyezaliwa siku ya Ijumaa, na kwa upande wa asili ya neno haisemi uongo, kwa kuwa jina hilo limetokana na neno la Kiarabu la siku hiyo. Hata hivyo, katika nyumba nyingi za Tanga, Tabora au Unguja, Juma wa leo ameitwa hivyo kwa sababu babu yake aliitwa Juma, na siku aliyozaliwa inaweza kuwa Jumatano. Vivyo hivyo kwa Wakikuyu, ambao kwa desturi humpa mtoto wa kwanza wa kiume jina la babu mzaa baba, wa pili jina la babu mzaa mama, na wa kwanza wa kike jina la nyanya mzaa baba. Ukimuuliza mama wa Kikuyu maana ya Wambui au Wanjiru aliyempakata, jibu la kweli na lililo kamili ni kwamba hilo ni jina la nyanya yake, na kwamba kupitia nyanya huyo linarudi hadi kwa mabinti wa Gikuyu na Mumbi ambao koo za Wakikuyu zimepewa majina yao. Anayesisitiza apewe neno moja, kama "mrembo" au "mwimbaji", analazimisha jina liingie katika kisanduku ambacho halikutengenezewa.

Majina ya Wajaluo ndiyo yanayonukuliwa mara nyingi kama mfano wa majina yenye maana iliyo wazi, kwa kuwa mengi hutaja wakati wa kuzaliwa: Otieno ni wa usiku, Ochieng' ni wa jua, Okoth ni wa mvua, Odhiambo ni wa jioni, na kwa wasichana herufi ya mwanzo hugeuka kuwa A, hivyo hupatikana Atieno, Achieng', Akoth na Adhiambo. Lakini hata hapa mtafiti mwangalifu hatakiwi kukimbilia hitimisho, kwa sababu Mjaluo anaweza pia kupewa jina la jamaa aliyefariki ambaye, kwa imani ya wazee, amejitokeza ndotoni kudai akumbukwe. Otieno aliyezaliwa saa sita mchana, mbele ya wakunga na jua likiwa utosini, ni Otieno halali kabisa, na habari ya kweli kuhusu jina lake imo katika ndoto ya bibi yake.

Upande wa dini hali ni hiyo hiyo. Khadija, kwa asili ya neno la Kiarabu, ni mtoto aliyezaliwa kabla ya wakati wake kutimia. Ni nani katika mamilioni ya Waislamu aliyempa binti yake jina hilo akiwa na nia ya kusema hivyo? Jina hupewa kwa heshima ya Bibi Khadija, mke wa kwanza wa Mtume Muhammad, na heshima hiyo ndiyo maana inayoishi. Asili ya neno inafaa kujulikana, lakini mzazi anayeikuta ghafla na kuogopa, akafikiri kwamba amemtabiria mwanawe unjiti, amechanganya habari ya neno na habari ya mtu.

Kiswahili kinavyosingiziwa

Kati ya lugha zote za Afrika, huenda hakuna inayobebeshwa majina yasiyo yake kuliko Kiswahili. Mfano ulioenea zaidi ni Nala, jina ambalo orodha nyingi hulieleza kuwa la Kiswahili lenye maana ya "zawadi". Neno hilo halimo katika Kamusi ya Kiswahili Sanifu, wala hakuna mzungumzaji wa Lamu, Mombasa, Unguja, Dar es Salaam au Lubumbashi anayemwita mgeni ndani ili ampe "nala". Kiswahili kina zawadi, tunu, hidaya, hiba na kipawa, na Zawadi na Tunu ni majina ya watu yanayojulikana tangu zamani. Nala ilipata umaarufu kupitia filamu ya katuni ya Marekani ya mwaka 1994 kuhusu mfalme wa simba, ambamo baadhi ya wahusika wana majina ya Kiswahili kweli: Simba ni simba, Rafiki ni rafiki, Pumbaa ni wa kupumbaa, na fisi anayeitwa Shenzi anaeleweka na kila mtu. Katika filamu iliyofuata, ya mwaka 1998, aliongezwa Kovu, ambalo nalo ni neno la Kiswahili la alama ya kidonda kilichopona. Ukweli wa majina haya ukaazimwa ili kulithibitisha na lile ambalo halina ushahidi, na mtazamaji asiyejua lugha hakuwa na sababu ya kushuku. Wakati huohuo India wanamjua Nala kwa karne nyingi kama mfalme, tena mwanamume, katika utenzi mkubwa wa Mahabharata.

Mfano wa pili unahitaji subira zaidi. Jelani huandikwa katika orodha za Marekani kuwa jina la Kiswahili lenye maana ya "mwenye nguvu". Anayetaka kulithibitisha na aanze na kamusi, ambako hatalipata. Kisha awaulize watu wa pwani kama wanalijua, naye ataambiwa kwamba wanamjua Jilani. Jilani ni nisba, yaani jina linaloonyesha mahali mtu au ukoo wake ulikotoka, na mahali penyewe ni Gilan, jimbo la Uajemi lililo kando ya Bahari ya Kaspi. Aliyelifanya lijulikane ulimwenguni ni Sheikh Abdulkadir Jilani, aliyefariki Baghdad mwaka 1166 na ambaye tarika ya Kadiria, yenye wafuasi wengi katika pwani ya Afrika Mashariki, inajinasibisha naye. Kwa hiyo jina la karibu zaidi ambalo Waswahili wanalo halisemi lolote kuhusu nguvu; linataja nchi ya mbali, na linapendwa kwa ajili ya mtu mchamungu. Hiyo ni habari tajiri kuliko "mwenye nguvu", na inasikitisha kwamba maelfu ya wanaume wanaolibeba hawajawahi kuambiwa.

Kosa jingine linahusu sarufi. Zuri limeenea Marekani kama jina la msichana, kwa maelezo kwamba ni Kiswahili na maana yake ni "mrembo". Mzizi -zuri ni wa Kiswahili bila shaka, lakini ni kivumishi kinachofuata ngeli ya kitu kinachosifiwa, hivyo mtoto huwa mzuri, kitabu huwa kizuri, na zuri tupu husemwa kwa mambo kama gari, jambo au jina. Mzazi wa Atlanta aliyeipenda sauti ya neno hilo hajatenda kosa kulichukua, maana majina yote ya dunia yalianza kwa mtu fulani kupenda sauti fulani. Kilicho kosa ni kumwambia kwamba wasichana wa Uswahilini huitwa hivyo.

Chanzo cha wingi wa makosa haya kina historia yenye kuheshimika. Katika miaka ya 1960 Wamarekani weusi waliokuwa wakidai utu wao walianza kuacha majina waliyorithi kutoka kwa waliowamiliki babu zao, na wengi wakakigeukia Kiswahili kama lugha ya Afrika nzima, isiyofungwa katika kabila moja. Mwaka 1966 Maulana Karenga alianzisha sherehe ya Kwanzaa na kuipa nguzo saba zenye majina ya Kiswahili, na mbili kati ya hizo, Imani na Nia, zikawa majina ya wasichana. Mwandishi LeRoi Jones akawa Amiri Baraka; mshairi Don L. Lee akawa Haki Madhubuti. Wengi wa watu waliovushwa Atlantiki kwa minyororo walitoka Afrika ya Magharibi na ya Kati Magharibi, mbali na mwambao wa Waswahili, na waliochagua Kiswahili walikichagua kwa uamuzi wa kisiasa wenye hekima yake. Lakini vitabu vidogo vya majina vilivyochapishwa kwa haraka kukidhi hamu hiyo vilikusanya majina ya Kiarabu, Kiyoruba, Kiakan na Kishona, na mara kadhaa vikayabandika yote lebo ya Kiswahili, kisha kila kitabu kilichofuata kikanakili kilichotangulia. Sharifa Zawawi, mwanazuoni mzaliwa wa Zanzibar, alichapisha mwaka 1993 kitabu cha majina ya Kiswahili kilichoandikwa na mtu anayeijua lugha na jamii yenyewe. Hata hivyo orodha zilizokuja baadaye, na sasa programu za akili mnemba zilizofunzwa kwa orodha hizohizo, zinaendelea kurudia makosa ambayo kitabu kama hicho kingeweza kuyafuta kwa ukurasa mmoja.

Je, jambo hili linamhusu nini mkazi wa Morogoro au Kisumu? Linamhusu kwa sababu maana hizo zimerudi nyumbani. Wazazi wa Afrika Mashariki nao sasa hufungua orodha zilizoandikwa ng'ambo ili wajifunze Kiswahili chao kina majina gani, na wakakubali kuambiwa kwamba Aisha kwa Kiswahili ni "maisha", ilhali bibi zao wanajua kwamba Aisha ni jina la Kiarabu la mke wa Mtume, na kwamba Waswahili walilifupisha wakapata Asha na kuliunganisha na neno la heshima wakapata Mwanaisha. Asha huyo naye ana mwenzake wa sauti ileile. Kwa Wahindi, Asha ni neno lenye asili ya Kisanskriti la "tumaini", na katika darasa moja la Mombasa wanaweza kukaa wasichana wawili wenye jina lililoandikwa sawasawa, asili zao zikiwa zimepishana kabisa. Nia yenyewe, ambayo kwa Kiswahili ni kusudi, ni pia jina la wasichana huko Wales lililotokana na Niamh la Kiayalandi.

Majina yasiyopambwa

Orodha hupenda utamu, na katika kutafuta utamu huo huyafuta au kuyageuza majina ambayo wazee waliyatoa kwa makusudi mazito. Zipo familia ambazo, baada ya kuzika watoto mfululizo, zilimpa aliyefuata jina la kumdunisha ili kifo, au kijicho cha wabaya, kimwone hana thamani na kimwache. Majina ya aina hii yanaweza kuitwa majina ya kinga. Sikitu, jina linalojulikana Tanzania, ni "si kitu". Kwa Wajaluo, Owiti na Awiti yametokana na kitendo cha kutupa, kwa kuwa mtoto aliyezaliwa baada ya ndugu zake kufariki alitupwa kwa ishara, akaokotwa na mtu mwingine, ndipo akarudishwa kwa mama yake. Anayekutana na Awiti kwenye orodha akasoma "aliyetupwa" atadhani mtoto huyo hakupendwa, wakati hakuna jina linalobeba mapenzi ya mama yaliyokata tamaa na bado yakajaribu tena kuliko hilo.

Tabu, Shida, Mashaka, Sikudhani na Sijali nayo yamo katika mkumbo huu. Wapo wahubiri wanaowashauri waumini kuyabadili majina hayo kwa hofu kwamba yanamfunga mtu kwenye balaa, na wapo watoto wanaoona haya kuyataja shuleni. Kabla jina kama hilo halijafutwa, familia ina deni la kujua lilitolewa kwa nini. Tabu inaweza kuwa kumbukumbu ya uchungu wa siku mbili ambao mama aliushinda. Mashaka inaweza kuwa mwaka wa njaa ambao ukoo mzima uliuvuka. Anayelibadili akiwa anaijua habari hiyo ametumia haki yake. Anayelibadili kwa kusoma neno tu amefuta historia ya nyumba yake bila kuifungua.

Maisha ya Mwalimu Nyerere yanatoa ushahidi mzuri wa jinsi majina ya namna hii yanavyofanya kazi. Baba yake, chifu wa Wazanaki wa Butiama, aliitwa Nyerere, neno ambalo kwa Kizanaki hutaja viwavi, kwa kuwa alizaliwa wakati viwavi walipoivamia nchi. Mwana alipozaliwa mwaka 1922 aliitwa kwanza Mugendi, kisha akapewa jina la Kambarage, mzimu wa mvua kwa Wazanaki, na mwaka 1943 akabatizwa Julius. Aliyelitafsiri jina la Baba wa Taifa neno kwa neno angemwita Julius Mvua Viwavi, na asingekuwa amefahamu chochote. Aliyeuliza sababu angepata hali ya hewa, kilimo, imani ya jadi na kuingia kwa Ukristo katika nyumba moja ya Mara, yote katika majina ya watu wawili.

Siti binti Saad, mwimbaji mashuhuri wa taarabu aliyezaliwa Fumba, Unguja, alipewa utotoni jina la Mtumwa. Umaarufu ulipomfikia mjini akaitwa Siti, neno la heshima la Kiarabu kwa bibi mwenye daraja. Atakayemwandika katika orodha kwa jina la Siti tu ameukata mwendo wote wa maisha yake.

Yaliyotoka mbali

Majina ya Kizungu na ya Kiarabu nayo yanahitaji mkono uleule wa tahadhari, ingawa hapa mzazi hana bibi wa kumuuliza. Vanessa, jina lililoingia katika miji mingi ya Afrika Mashariki, huelezwa kuwa maana yake ni "kipepeo". Ukweli umekwenda kinyume: mwandishi Jonathan Swift alilibuni kwa kuunganisha sehemu za jina la mwanamke aliyemfahamu, Esther Vanhomrigh, katika shairi lililochapishwa mwaka 1726, na mwaka 1807 mtaalamu wa wadudu Fabricius akalitumia kuita jamii moja ya vipepeo. Vipepeo ndio walioitwa kwa jina la mtu. Kwa upande wa Maria, wataalamu wengi wanaeleza kwamba lile jina la sifa la "nyota ya bahari" lilitokana na tafsiri ya Kilatini ya Mtakatifu Yeronimo, aliyeandika "tone la bahari", na kwamba wanakili walibadili herufi moja, tone likawa nyota. Sala na nyimbo zimejengwa juu ya nyota hiyo kwa zaidi ya miaka elfu moja, na uzuri wake haupungui kwa kujulikana ilikotoka.

Rais wa zamani wa Marekani, Barack Obama, alisema katika hotuba iliyomtambulisha kwa taifa lake mwaka 2004 kwamba jina lake ni la Kiafrika lenye maana ya aliyebarikiwa. Mzungumzaji wa Kiswahili anasikia humo neno baraka, lililotoka Kiarabuni, na hana sababu ya kubisha, hasa akikumbuka kwamba babu yake Obama, Hussein Onyango, alikuwa Mjaluo aliyesilimu. Lakini waliokimbilia Biblia walikutana na Baraka wa Kitabu cha Waamuzi, ambaye jina lake la Kiebrania ni "umeme", na wengine wakamtaja Baruku, mwandishi wa nabii Yeremia, ambaye kweli ni "mbarikiwa". Ni majina matatu yanayofanana kwa sauti, na kinachoamua ni lipi ni habari ya familia.

Lililo zito kuliko yote kwa Waislamu ni jina la Abdul likiandikwa peke yake. Orodha husema ni "mja wa Mungu", lakini kwa Kiarabu maneno hayo yameishia njiani, kwa kuwa abd ni mja na -ul ni kiungo kinachosubiri jina la Mwenyezi Mungu lifuate, kama katika Abdulrahman, mja wa Mwingi wa Rehema, au Abdulkadir, mja wa Mwenye Uwezo. Mwenye maana ya mja wa Mungu kwa ukamilifu ni Abdallah. Karani wa shule anayekata jina kwa kuwa ni refu, na mzazi anayeridhia, wote wawili wamemwacha mtoto na sentensi isiyokamilika maisha yake yote.

Gharama inayoangukia familia

Makosa haya yangeweza kuonekana madogo kama jina lingekuwa la nyumbani tu. Jina lililoandikwa kwenye tangazo la kizazi, ile karatasi inayotolewa hospitalini mara mtoto anapozaliwa, ndilo linaloingia katika cheti cha kuzaliwa, kisha likafuata katika rejesta ya shule, cheti cha mtihani wa taifa, kitambulisho cha taifa na akaunti ya benki. Mzazi aliyeandika Nawali kwa kufuata orodha, kisha shule ikaandika Nawal, na kijana mwenyewe akapenda Nawaal, amemtengenezea mwanawe majina matatu mbele ya dola. Kijana wa Tanzania anayeomba mkopo wa elimu ya juu hutakiwa kuwasilisha cheti cha kuzaliwa kilichohakikiwa, na jina lisilolingana humlazimu kutafuta kiapo mahakamani au hati ya kubadili jina, akilipa ada na nauli ambazo familia yake ilikusudia kununulia godoro la hosteli. Wajaluo wanajua adha ya alama ndogo inayofuata ng katika Ochieng', ambayo karani mmoja huiandika na mwingine huiacha.

Ipo pia gharama ya kijamii. Kwa Wasukuma na kwa Watanzania wengi waliowaiga, Kulwa ni pacha wa kwanza na Doto ni wa pili. Kwa Waganda pacha wa kiume ni Wasswa na Kato, wa kike ni Babirye na Nakato, anayewafuata ni Kizza, na wazazi wenyewe hupandishwa cheo wakaitwa Ssalongo na Nnalongo. Mzazi aliyeipenda sauti ya Nakato akampa binti aliyezaliwa peke yake amemweka katika hali ya kuulizwa daima pacha wake yuko wapi, na kwa wanaoijua mila swali hilo ni la msiba, kwa kuwa pacha asiyeonekana hudhaniwa amefariki. Kuna Doto waliozaliwa peke yao kwa sababu wamerithi jina la bibi aliyekuwa pacha, na hao wana jibu la kutoa. Aliyepewa jina kutoka kwenye orodha hana.

Namna ya kuthibitisha

Anayetaka uhakika na aanze na lugha: orodha isemayo tu kwamba jina ni "la Kiafrika" haijasema kitu, kwa kuwa bara hili lina zaidi ya lugha elfu moja. Lugha ikishatajwa, atafutwe mzungumzaji wake aliyekulia nayo, aulizwe kwanza kama neno hilo lipo, kisha kama watu huitwa hivyo, kisha huitwa nani na wakati gani. Swali la mwisho ndilo linalofichua mengi, kwa sababu neno linaweza kuwapo na bado lisiwe jina. Kwa Kiswahili, kamusi za Taasisi ya Taaluma za Kiswahili na za Baraza la Kiswahili la Taifa (BAKITA) zinapatikana madukani na katika maktaba. Kwa majina ya Kiislamu yupo imamu wa mtaa au mwalimu wa madrasa, na kwa ya Biblia yupo padri au mchungaji aliyesoma. Maelezo marefu kupita kiasi yashukiwe, hasa kwa jina la lugha ambayo wasemaji wake ni wachache. Mobutu, mtawala wa Zaire wa kabila la Wangbandi, alipojiita mwaka 1972 Mobutu Sese Seko Kuku Ngbendu wa Za Banga, dunia ilisomewa tafsiri ya shujaa asiyeshindika anayeacha moto nyuma yake, na tafsiri nyingine ya jogoo asiyemwacha kuku hata mmoja, na magazeti yaliyochapisha zote mbili hayakuwa na desturi ya kumuuliza Mngbandi.

Vyombo vya Kiswahili, yaani BAKITA, Baraza la Kiswahili la Zanzibar (BAKIZA) na taasisi za vyuo vikuu, vingefanya kazi ya thamani kubwa kwa kutoa kamusi ya majina ya watu yenye kutaja lugha, mahali, sababu na tahajia moja inayopendekezwa, na nakala zake ziwekwe katika kliniki za mama na mtoto na katika ofisi za wasajili, ambako ndiko majina huandikwa kwa mara ya kwanza.

Mpaka hilo lifanyike, mzazi mwenye kadi ya kliniki mkononi na ampigie simu bibi au babu wa mtoto wiki hii, aulize jina analolikusudia lilibebwa na nani katika ukoo, lilitoka lugha gani na lilitolewa kwa tukio gani, kisha ayaandike majibu hayo nyuma ya kadi hiyo kabla hajajaza tangazo la kizazi.